Mwambie Sipo

(Mazungumzo ya ibada ya asubuhi redioni, yaliyotolewa na mchungaji wa Kanisa la Anglikana, Nyamache, Kisii)

  Fungu letu la leo ni Waraka kwa Waefeso, sura ya 4, mstari wa 25. Mwenye Biblia na afungue. Asiye nayo karibu asikilize, kisha asome jioni pamoja na jamaa yake. Hapo Mtume Paulo anawaagiza Wakristo wauvue uwongo, kama mtu avuavyo nguo chafu, na kila mmoja aseme kweli na jirani yake.

Kabla hatujaeleza neno hilo, hebu tuifuate siku moja ya kawaida huku kwetu Nyamache, tuone uwongo unakutana nasi mara ngapi.

Asubuhi mtu anabisha mlango. Amekuja kudai shilingi zake mia mbili. Baba yumo chumbani, anamwita mtoto na kumnong'oneza, "Mwambie sipo." Mtoto anakwenda mlangoni, na kwa kuwa bado hajaizoea kazi hiyo anasema, "Baba amesema hayupo." Tunacheka. Lakini mtoto huyo leo amefundishwa somo, tena amefundishwa na mwalimu anayempenda kuliko wote.

Tunakwenda kituoni. Manamba anaita, "Bado mtu mmoja twende!" Unachungulia ndani, viti vimejaa kweli. Unapanda na kulipa nauli. Mara wale waliokaa wanaanza kushuka mmoja mmoja, kwa maana hawakuwa abiria. Walikalishwa pale ili gari lionekane limejaa. Unakaa saa nzima ukingoja. Na wewe uliyekasirika kwa kudanganywa, simu yako inalia, unaitikia, "Niko njiani, nimekaribia Kisii mjini," na gari halijaondoka Nyamache.

Sokoni kuna gorogoro. Kila mama anakijua kile kipimo cha kilo mbili. Wako wauzaji waaminifu, Mungu awabariki. Lakini wako pia walioigonga gorogoro kwa chini mpaka kitako kikaingia ndani. Ukiitazama kwa juu imejaa mahindi mpaka yanamwagika. Ukifika nyumbani unashangaa mbona unga ni kidogo.

Kwenye banda la chai, mkulima ameweka majani laini juu ya gunia na yale magumu chini. Mizani ya siku hizi inaonyesha uzito kwa tarakimu, wala haioni kilichofichwa katikati ya gunia. Jioni unaletewa ujumbe wa simu kwamba mtu amekutumia pesa kwa makosa, tafadhali mrudishie upesi, mtoto wake yuko hospitalini. Hakuna pesa iliyotumwa, wala hakuna mtoto hospitalini.

Ndugu msikilizaji, siku imekwisha. Katika siku hiyo hakuna aliyevunja nyumba ya mtu, hakuna aliyeshika panga. Ukiwauliza wote hawa, watakuambia, "Ndiyo dunia, mchungaji. Kila mtu anafanya hivyo."

Sasa turudi kwa Paulo. Yeye hasemi tuache uwongo kwa sababu njia ya mwongo ni fupi, ingawa ni kweli kwamba ni fupi. Hasemi tuuache kwa kuogopa polisi. Sababu anayoitoa ni kwamba sisi ni viungo, kila mmoja kiungo cha mwenzake. Yohana Krisostomo, aliyekuwa askofu wa Konstantinopoli tangu mwaka 398, alipouhubiri mstari huu aliuliza kama jicho likimwona nyoka njiani huudanganya mguu. Hapana. Jicho huuambia mguu kweli, kwa kuwa mguu ukiumwa, sumu itapanda na jicho nalo litafumba. Ndivyo ilivyo katika kijiji, katika kanisa, na katika nchi. Tunaishi kwa kuaminiana, kama viungo vya mwili mmoja. Unakula chakula ambacho hukukiona kikipikwa, unameza dawa ambayo hukuipima mwenyewe. Mwongo hula katika chungu hiki cha kuaminiana, tena hula akiba ya watu wote. Asiyeaminiwa na mtu yeyote hana mtu wa kumdanganya. Kwa hiyo kila mwongo humdhuru yule yule aliyemfanyia wema wa kumwamini.

Fikirini tena gorogoro ile. Tuseme imepunguzwa sehemu moja katika kumi. Muuzaji anasema, "Ni konzi moja tu ya mahindi." Lakini mama anayenunua gorogoro kumi katika mwezi amelipia kumi na amepeleka nyumbani tisa. Hiyo ya kumi imetoka katika sahani za watoto. Labda ni mjane, na labda Jumapili mnaketi naye benchi moja. Methali 11, mstari wa kwanza, inatuambia jinsi Bwana anavyoichukia mizani ya hila. Mungu anaitazama mizani ya sokoni siku ile ile anayosikiliza nyimbo zetu kanisani.

Na tusidhani kwamba uwongo mdogo hubaki mdogo. Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Yule aliyetumwa mlangoni kusema baba hayupo anakua, anafika kidato cha nne. Mtihani unakaribia, na mzazi yule yule anatafuta pesa za kununua karatasi za mtihani zilizoibwa. Mnakumbuka mwezi wa Machi 2016, ilipotangazwa kwamba matokeo ya watahiniwa 5,101 wa KCSE ya mwaka 2015 yamefutwa kwa udanganyifu. Mwaka uliofuata ulinzi ulipokazwa, waliopata alama ya A nchini mwote walishuka kutoka zaidi ya 2,600 mpaka 141. Sisemi kwamba kila aliyepata A mwaka 2015 alidanganya. Wako waliokesha wakisoma. Na hao ndio walioonewa kwanza, kwa maana cheti chao cha halali sasa kinatiliwa shaka pamoja na cha mwizi.

Mzazi mwenzangu, unapomnunulia mtoto karatasi ya mtihani unamwambia maneno mawili bila kufungua kinywa. La kwanza: sikuamini kwamba unaweza. La pili: kweli si kitu. Atayashika yote mawili maisha yake yote. Mwezi wa Februari 2024 Tume ya Utumishi wa Umma ilitangaza kwamba wafanyakazi zaidi ya 2,000 wa mashirika ya umma walipatikana na vyeti vya kughushi. Hawa hawakushuka kutoka mawinguni. Walitoka nyumbani mwetu. Mwaka huo huo wakulima wa Kenya waliuziwa mbolea ya ruzuku ambayo ilipopimwa haikufikia kiwango, na serikali ikaahidi kuwafidia. Sote tulilia, na tulikuwa na haki ya kulia. Lakini aliyejaza gunia lile na aliyegonga gorogoro ile wamesoma shule moja. Tofauti yao ni ukubwa wa kipimo.

Tena uko uwongo ambao hauchukui unga wala fedha. Huchukua jina la mtu, na mwisho huchukua uhai wake. Huu huanza kwa neno dogo sana: "Nasikia." Nasikia yule mama mzee huonekana usiku. Nasikia mtoto wa jirani alipougua, yeye ndiye aliyekuwa amepita pale. Anayelisema hana ushahidi wowote. Pengine ana ugomvi wa mpaka wa shamba. Anayelisikia analiongeza kidogo. Likifika nyumba ya tano limekwisha kuwa habari ya hakika.

Wapendwa, sisi watu wa Kisii hatuna haja ya kupewa mfano kutoka mbali. Mwezi wa Mei mwaka 2008 watu 11 walichomwa moto wakauawa hapa Kisii kwa kushutumiwa uchawi. Mwezi wa Oktoba mwaka 2021, huko Marani, akina mama wanne wazee waliuawa na kundi la watu kwa shutuma ile ile. Walikuwa mama za watu, nyanya za watu. Waliobeba kuni na moto ni wachache. Lakini ni vinywa vingapi vilivyobeba neno lile kabla halijafika kwao? Amri ya tisa, katika Kutoka 20, inakataza kumshuhudia jirani uwongo. Mungu aliiweka amri hiyo karibu na ile ya kuua, kwa maana anajua jinsi ulimi unavyoweza kuutangulia mkono. Ukilipokea neno la "nasikia" juu ya mzee wa kijiji chako, lizime mlangoni pako. Muulize aliyelileta, "Umeona wewe?" Akisema hakuona, mwambie, "Basi lisitoke hapa." Pengine utakuwa umeokoa roho ya mtu, wala hutajua.

Najua mtu ataniuliza, "Mchungaji, je, wale wakunga wa Kiebrania, Shifra na Pua? Hawakumdanganya Farao, na Mungu akawatendea mema?" Swali ni zuri, na walimu wa Kanisa wamelijadili tangu zamani, Augustino aliandika vitabu viwili juu ya uwongo. Leo sitaumaliza mjadala wao. Ila tazameni jambo moja. Wakunga wale walihatarisha maisha yao wenyewe ili watoto wachanga wa wengine waishi. Tukiuweka uwongo wetu wa wiki nzima mezani, ni upi unaofanana na wao? Mwingi ni wa kuokoa shilingi mia mbili, au kuepuka aibu ya dakika tano. Tusijifunike kanga ya Shifra ilhali tunafanya kazi ya Anania na Safira.

Basi tufanye nini? Neno la Mungu halituachi katika kulaumiwa tu. Tazameni Zakayo katika Luka 19. Bwana Yesu alipoingia nyumbani kwake, Zakayo hakusema kwa jumla kwamba yeye ni mwenye dhambi kama binadamu wengine. Alitaja hesabu: maskini watapata nusu ya mali, na aliyedhulumiwa atarudishiwa mara nne. Toba ya kweli huwa na jina la mtu na kiasi cha fedha.

Wazee wetu katika imani waliijua toba hiyo. Uamsho ulipoanza Gahini, Rwanda, katika miaka ya 1930, na kufika Kabete mwaka 1937, watu waliungama mambo yao peupe, wakarudisha vitu walivyoiba. Waliita jambo hilo kutembea nuruni. Watu wa nje wakashangaa kumwona mtu anakuja na jembe aliloliiba zamani, analirudisha, anaomba msamaha. Mahubiri ya namna hiyo hayahitaji kipaza sauti.

Kwa hiyo leo, kabla jua halijachwa, nakuomba ufanye jambo moja. Kama gorogoro yako imegongwa, inyoshe, au nunua nyingine. Kama umemwambia mtu uko njiani nawe hujatoka, mpigie simu umwambie, "Bado niko nyumbani, nitachelewa." Utaona kwamba hutakufa. Kama ulimsema mtu vibaya bila kujua hakika, mwendee uliyemwambia, ulifute neno lile. Na mwenye deni akija mlangoni, baba, usimtume mtoto. Toka mwenyewe. Sema, "Ndugu, sina leo; nitakupa siku fulani," na siku hiyo umpe. Mtoto atakuwa amesimama nyuma yako anasikiliza. Siku hiyo atakuwa amejifunza zaidi ya mahubiri kumi ya mchungaji wake.

Nayo itakugharimu. Sitawaficha. Mwenye kipimo cha haki huenda akauza kidogo siku za kwanza. Mtoto asiyenunuliwa karatasi huenda akapata C badala ya B. Lakini C ile ni yake, na Bwana anaweza kuijenga nyumba juu yake. Bwana wetu Yesu, aliyesema kwamba yeye mwenyewe ni Kweli, alihukumiwa kwa ushahidi wa uwongo, wala hakuujibu uwongo kwa uwongo. Mtu anayebaki na kweli, na kwa ajili yake akapungukiwa, hayuko peke yake.

Tuombe. Ee Bwana Mungu, wewe waijua mioyo yetu na midomo yetu. Utusamehe uwongo tuliousema na ule tuliounyamazia. Uwafariji waliopokonywa mali, jina, au wapenzi wao kwa ulimi wa mwongo. Nyosha vipimo vyetu, safisha nyumba zetu, uwalinde wazee wetu, uwafanye watoto wetu watu wa kweli. Twaomba kwa jina la Yesu Kristo Bwana wetu. Amina.