Avtar Singh Sohal na Mpira wa Magongo
Maneno ya hotuba kwa vijana wa Kakamega



Katika nchi hii ya Kakamega mtoto hujua kushika fimbo kabla hajajua kushika kalamu. Mchungaji hana budi kuwa nayo malishoni, na siku ya kupiganisha mafahali huko Shinyalu au Khayega, wazee kwa vijana hufika uwanjani na fimbo zao mikononi. Lakini iko fimbo nyingine, iliyopindika mwishoni, ubavu wake mmoja bapa na wa pili mviringo, ambayo imewachukua vijana wa Kenya hadi Roma, Tokyo na Mexico. Hilo ndilo gongo la mpira wa magongo, mchezo ambao wengi huuita hoki.

Mchezo huu si mgeni tena Kakamega. Shule ya Musingu imejipatia sifa kubwa kwa ajili yake katika mashindano ya shule za sekondari, na timu ya kiwanda cha sukari cha Butali, huko upande wa Malava, imepata kuwa bingwa wa ligi kuu ya Kenya. Hata hivyo vijana wengi wanaolishika gongo leo hawajui ni nani waliolishika kabla yao, wala lilifikaje mikononi mwao. Yafaa basi kuyatazama maisha ya mtu mmoja, Bwana Avtar Singh Sohal, ambaye rafiki zake walizoea kumwita Tari.

Bwana Avtar Singh alizaliwa Nairobi tarehe 22 Machi, 1938. Mwaka huo Kakamega ilikuwa ingali ikisikika kwa dhahabu, iliyoanza kuchimbwa kwa wingi tangu mwaka 1931. Nairobi nayo ilikuwa mji mchanga, uliozaliwa na reli. Ili kuijenga reli ile kutoka Mombasa hadi ziwani, kati ya miaka 1896 na 1901, waliletwa watu zaidi ya 30,000 kutoka Bara Hindi. Wengi walirudi kwao kazi ilipokwisha, lakini wengine walibaki, na wengine wengi wakaja baadaye. Miongoni mwao walikuwamo Masingasinga, watu waliojulikana sana kwa ufundi wa useremala, uashi na uhunzi. Pamoja na misumeno na nyundo zao, walipenda pia mpira wa magongo, kwa maana katika Bara Hindi mchezo huo ulikuwa fahari ya taifa zima.

Mwishoni mwa mwaka 1947 timu kutoka India ilifika Mombasa na kuizuru Afrika ya Mashariki. Aliyekuwamo katika timu ile ni Dhyan Chand, mchezaji aliyetwaa nishani ya dhahabu katika Michezo ya Olimpiki mara tatu, yaani mwaka 1928, 1932 na 1936. Wakati huo alikuwa amekwisha kupita umri wa miaka arobaini, lakini mabao yaliendelea kutoka katika gongo lake kama kwamba bado ni kijana. Avtar Singh alikuwa mtoto wa miaka tisa. Mtoto wa Kihindi aliyekulia Nairobi siku zile aliusikia mchezo ule ukitajwa nyumbani, shuleni na barabarani, na kila jioni aliweza kuwaona watu wazima wakiucheza. Samaki mkunje angali mbichi, wasema wahenga. Na vijana wale walikunjwa mapema.

Hapa pana jambo ambalo halifai kufichwa. Katika Kenya ya siku zile kila jamii ilikuwa na shule zake, klabu zake na viwanja vyake. Masingasinga walikuwa na klabu yao ya Sikh Union, nayo ndiyo Avtar Singh aliyoichezea. Wagoa walikuwa na klabu zao, na Wazungu vilevile. Mtoto wa Kiafrika aliweza kuutazama mchezo kwa nje ya ua, au kuokota mpira uliotoka uwanjani, lakini hakuwa na klabu ya kumpokea wala fedha ya kununua gongo. Kwa hiyo timu zilizoitwa za Kenya zilikuwa karibu zote za watu wa asili ya Asia. Mapenzi yao kwa mchezo yalikuwa ya kweli, na bidii yao ilikuwa ya kweli. Ila mlango ulikuwa mwembamba.

Avtar Singh aliitwa kuichezea Kenya kwa mara ya kwanza mwaka 1957, akiwa na umri wa miaka 19. Mwaka mmoja kabla ya hapo Kenya ilikuwa imekwenda katika Olimpiki kwa mara ya kwanza kabisa, huko Melbourne, na timu yake ya magongo ilipata nafasi ya kumi. Kijana huyo aliwekwa nyuma, katika kazi ya beki.

Yapasa kueleza kazi hiyo, kwa sababu watazamaji wengi humsifu mfungaji na kumsahau aliye nyuma. Timu ya magongo ina watu kumi na mmoja kama ya kandanda. Katika mpango wa siku zile washambuliaji walikuwa watano, viungo watatu, mabeki wawili, na mlinda mlango mmoja. Mabeki wawili tu basi waliwakabili watu watano wenye mbio. Mchezaji hana ruhusa kuupiga mpira kwa upande wa mviringo wa gongo, ila kwa upande wa bapa peke yake. Wala hayaruhusiwi magongo ya watu wa mkono wa kushoto. Mpira wenyewe ni mdogo na mgumu, uzito wake hupata gramu 160, nao waweza kumvunja mtu mfupa. Beki mwenye pupa hurusha gongo mapema, akapitwa, na nyuma yake habaki mtu ila mlinda mlango. Beki mwenye akili hungoja. Humtazama adui miguuni na mpirani, humsukumia pembeni ambako hawezi kudhuru, kisha huupokonya mpira kwa wakati wake. Uvumilivu wa namna hii haufundishwi kwa siku moja.

Mwaka 1960 Avtar Singh alikuwamo katika timu iliyokwenda Roma. Huko Kenya ilikutana na Uingereza katika robo fainali. Muda wa kawaida ulikwisha bila mshindi, ukaongezwa muda mwingine, na mwingine tena, hata mchezo ukapita saa mbili. Mwishowe Waingereza walipata bao la pili, wakashinda kwa mabao 2 kwa 1. Kenya ilirudi nyumbani na nafasi ya saba. Dunia ilikuwa imejua kwamba katika Afrika ya Mashariki wako watu wasioshindwa kwa urahisi.

Tarehe 12 Desemba, 1963, Kenya ilipata uhuru. Miezi kumi baadaye, Oktoba 1964, Michezo ya Olimpiki ilifunguliwa Tokyo, na bendera mpya nyeusi, nyekundu, kijani na nyeupe ikapita mbele ya watu kwa mara ya kwanza katika michezo hiyo. Ndiyo michezo ambayo Wilson Kiprugut alikimbia mita 800 akapata nishani ya shaba, nishani ya kwanza ya Olimpiki kwa Kenya. Kepteni wa timu ya magongo alikuwa Avtar Singh Sohal, kijana wa miaka 26. Pamoja naye walikuwamo wachezaji hodari kama Alu Mendonca na Hilary Fernandes. Walishika nafasi ya sita, na hakuna timu ya magongo ya Kenya iliyopata nafasi ya juu kuliko hiyo katika Olimpiki.

Alikuwa kepteni tena Mexico mwaka 1968, ambako Kenya ilipata nafasi ya nane. Kisha, mwaka 1971, yalifanyika mashindano ya kwanza ya Kombe la Dunia la magongo huko Barcelona, kwa timu kumi tu. Kenya ilifika nusu fainali. Ilishindwa na Spain, wenye uwanja, kwa bao 1 kwa 0. Katika kugombea nafasi ya tatu ilipambana na India, na India ililazimika kungoja hadi muda wa nyongeza ndipo ishinde kwa mabao 2 kwa 1. Kenya ikawa ya nne katika dunia.

Avtar Singh alimaliza safari yake ya kucheza mwaka 1972 katika Olimpiki ya Munich, akiwa kepteni kwa mara ya tatu. Tangu mwaka 1957 alikuwa ameichezea Kenya michezo 167, hesabu ambayo iliandikwa katika kitabu cha Guinness kuwa kubwa kuliko ya mchezaji mwingine yeyote wa magongo wakati ule. Kwa kila mwaka wa miaka kumi na mitano, hiyo ni michezo kama kumi na mmoja. Wala hakulipwa mshahara kwa hiyo. Olimpiki ya siku zile haikumruhusu mtu anayecheza kwa kulipwa. Kila mmoja alifanya kazi yake mchana, akaenda mazoezini jioni.

Hapa ndipo lilipo jambo kubwa la habari hii. Huko Munich Kenya ilipata nafasi ya kumi na tatu tu. Je, ni nini kilichoiporomosha timu iliyokuwa ya nne katika dunia mwaka mmoja kabla? Sababu moja ni kwamba chemchemi ilikuwa inakauka. Tangu miaka 1967 na 1968, sheria mpya za uhamiaji na za leseni za biashara zilipotolewa, maelfu ya watu wa asili ya Asia waliondoka Kenya, wengi wakaenda Uingereza. Klabu zilipoteza wachezaji, na shule zilipoteza walimu wa mchezo. Mchezo uliokuwa umefungiwa ndani ya ua wa jamii chache ulianza kuondoka pamoja na jamii zenyewe. Laiti mlango ungalifunguliwa mapema, na mtoto wa Kakamega angalipewa gongo mwaka 1950, pengo lile lisingalikuwa kubwa hivyo.

Bwana Avtar Singh alibaki Kenya. Alipoacha kucheza, aliwafundisha wengine, akawa mwalimu wa timu ya taifa. Kazi hiyo haikuwa nyepesi. Kenya haikwenda Olimpiki mwaka 1976 wala 1980, kwa sababu za siasa za dunia, na kizazi kizima cha wachezaji kilikosa nafasi. Tena mwaka 1976, huko Montreal, mchezo ulianza kuchezwa juu ya zulia la nyasi za bandia, ambapo mpira hukimbia kwa kasi sana wala haurukiruki. Nchi tajiri zilitandaza mazulia hayo miji yote. Kenya ilikwenda kwa miaka mingi ikitegemea uwanja wa City Park, Nairobi, uliotumiwa katika Michezo ya Afrika ya mwaka 1987.

Lakini hata katika shida hizo mlango ulikuwa umefunguliwa. Katika timu za Kenya zilizokwenda Los Angeles mwaka 1984, zikapata nafasi ya tisa, na Seoul mwaka 1988, zikapata ya kumi na mbili, majina ya akina Panesar na Kular yalisimama bega kwa bega na majina ya Lucas Alubaha, Peter Akatsa na Chris Otambo. Watu wa magharibi ya Kenya waliyasikia baadhi ya majina hayo wakatambua kwamba mchezo umefika kwao.

Kijana wa Kakamega, basi, asifikiri kwamba gongo alilonalo limeanza kwake. Lilivuka bahari, likakaa Nairobi, likataka kupotea, likaokolewa na watu waliokubali kuwafundisha wale wasiokuwa wa jamii yao. Huenda uwanja wake una changarawe, na siku atakapokwenda City Park ataona mpira unampita kwa kasi asiyoizoea. Asikate tamaa. Na ajifunze kazi ya beki: asiwe na pupa, asichoke, angoje wakati wake.

Walimu nao wakumbuke jambo hili. Gongo lililofungiwa kabatini ni kuni tu. Shule yenye magongo kumi na mawili iwaite watoto wa shule jirani isiyo na hata moja, na mchezaji aliyerudi nyumbani kutoka klabu kubwa atenge jioni moja kwa ajili ya watoto wa kijijini kwake. Michezo 167 ya Bwana Avtar Singh imekwisha kuchezwa, wala hairudi. Kilichobaki ni ule ujuzi uliopita kutoka mkono wake hadi mkono mwingine, na sasa uko katika mikono yenu. Mpeni na mwingine.