Dini za Watu wa Punjab, na Kalamu ya Karani



Tulipoombwa kusema mbele yenu juu ya dini ya Kihindu katika watu wa Punjab, tulikumbuka kwanza kosa letu wenyewe. Siku moja, tulipokuwa tukijaza karatasi za mafundi katika ofisi moja, alifika mezani petu seremala Mpunjabi, ndevu amenyoa, kilemba hana, nasi bila kumwuliza tukamwandika katika safu ya dini, "Banyani". Akaisoma, akatabasamu, akasema, "Bwana Karani, Banyani ni mtu wa duka atokaye Gujarati. Mimi ni Mhindu wa Punjab, na huyu aliye nyuma yangu ni ndugu yangu, baba mmoja mama mmoja." Tukatazama nyuma yake, tukaona Kalasinga kamili, kilemba na ndevu na bangili ya chuma. Tulidhani twafanyiwa mzaha.

Wala haukuwa mzaha. Katika nyumba nyingi za Wahindu wa Punjab ilikuwa desturi kumtoa mwana wa kwanza alelewe katika dini ya Makalasinga, asikatwe nywele maisha yake, na wadogo zake wakabaki Wahindu. Wote wakala chungu kimoja, na nyumba hizo zikaozana wala hapana aliyeona ajabu.

Punjab maana yake ni maji matano, yaani mito mitano: Jhelum, Chenab, Ravi, Beas na Sutlej. Wahindu wa nchi hiyo walikuwa na mahali pao patakatifu tangu zamani sana. Katika milima ya chumvi liko ziwa la Katas, ambalo wao husema lilijaa machozi ya Shiva alipomlilia mkewe Sati. Na huko Jwalamukhi, katika Kangra, moto hutoka wenyewe katika nyufa za mwamba, na watu humwabudu Mama Mungu katika miali ile pasipo sanamu.

Lakini lililo kubwa ni kwamba watu wale hawakukaa kila mmoja ndani ya ua wa dini yake. Chini ya milima ya Sulaiman liko kaburi la walii Mwislamu aitwaye Sakhi Sarwar. Kila mwaka misafara ilikwenda huko kwa miguu, Wahindu na Makalasinga kwa wingi pamoja na Waislamu, na waliowaongoza njiani walikuwa wapiga ngoma Waislamu, waitwao Bharai. Tena katika sikukuu ya Lohri, mwezi wa Januari, Wahindu huwasha moto mkubwa na kumwimbia Dulla Bhatti, Mwislamu aliyemwasi mfalme Akbar, ambaye yasimuliwa kwamba aliwaokoa wasichana wa watu na kuwaoza kwa heshima. Sisi wa pwani tuliokwisha ona watu wa kila namna wakifuata ngoma ya maulidi hatuna haki ya kushangaa.

Basi mambo hayo yalibadilikaje? Waalimu wa kutengeneza dini walikuwa na sehemu yao. Chama cha Arya Samaj, alichokianzisha Dayananda Saraswati huko Bombay mwaka 1875, kiliingia Lahore mwaka 1877, kikawakataza Wahindu sanamu na makaburi ya mawalii. Makalasinga nao walikuwa na vyama vyao vya Singh Sabha tangu 1873, na mwaka 1898 Kahn Singh wa Nabha akatoa kitabu ambacho jina lake maana yake ni "Sisi si Wahindu". Mwaka 1905 sanamu za Kihindu ziliondolewa katika ua wa Hekalu la Dhahabu, Amritsar. Hatuwalaumu, kila mtu ana haki ya kusafisha nyumba yake.

Lakini sehemu nyingine, mabwana, ni yetu sisi watu wa kalamu. Mwaka 1881 Serikali ya Waingereza ilihesabu watu wa Punjab, na mkuu wa kazi hiyo alikuwa Denzil Ibbetson, mtu mwenye akili na mkweli. Alikiri katika taarifa yake kwamba ni vigumu kuona mpaka kati ya Mhindu na Kalasinga. Hata hivyo safu ilitaka neno moja, na kanuni ikawa kwamba mwenyeji asiyeweza kuitaja dini yake kwa jina linalojulikana aandikwe Mhindu. Fikirini ni wangapi walioingia katika dini kwa kanuni ile, wala hawakujua!

Watu wakafahamu upesi kwamba hesabu ni nguvu. Wale wa tabaka za chini, waliokatazwa visima na mahekalu na Wahindu wenzao, walianzisha Ad Dharm mwaka 1926 chini ya Mangu Ram, wakadai dini yao iandikwe peke yake. Na katika hesabu ya 1931 wakaandikwa zaidi ya 418,000. Kwao safu ile ilikuwa mlango wa heshima, nasi tusiisahau faida hiyo.

Kisha ukaja mwaka 1947. Cyril Radcliffe, ambaye hakupata kuiona India kabla ya Julai mwaka ule, alipewa majuma matano tu kukata mpaka, na mezani alikuwa na hesabu ya watu ya 1941, wilaya kwa wilaya, Waislamu huku na wasio Waislamu kule. Wahindu na Makalasinga wa Lahore, Rawalpindi na Multan wakakimbilia mashariki. Waislamu wa Amritsar na Ludhiana wakakimbilia magharibi. Na waliouawa ni mamia ya maelfu. Katas na kaburi la Sakhi Sarwar vyote vikabaki Pakistan, mbali na wengi waliokuwa wakivizuru.

Tumalize habari ya seremala wetu. Tulimwuliza tuandike nini. Akasema, "Andika kwamba sisi ni watoto wa nyumba moja." Karatasi haikuwa na nafasi ya maneno hayo, tukaacha safu tupu. Siku ya tatu mkubwa wetu akaturudishia kwa wino mwekundu: "Jaza." Tukaandika Mhindu kwa mmoja na Kalasinga kwa mwingine, na karatasi zao zikawekwa katika majalada mawili, katika makabati mawili.