PORI NALO LINA HISTORIA

(Maelezo yaliyotolewa mbele ya walimu na watumishi wa umma)



Nimeombwa niseme machache juu ya vitabu vya kitaalamu vinavyoeleza ardhi yetu, mazingira yake na historia ya watu wake. Nitashika kimoja.

Mwaka 1977 Helge Kjekshus, msomi wa Norway aliyepata kufundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, alitoa kitabu juu ya udhibiti wa mazingira na maendeleo ya uchumi katika historia ya Afrika ya Mashariki. Habari zake hasa ni za Tanganyika, tangu 1850 hadi 1950. Anauliza: mapori haya yenye mbung'o yametoka wapi?

Elimu ya kikoloni ilifundisha kwamba yalikuwapo siku zote, na kwamba wazee wetu walitawaliwa na maumbile. Kjekshus anaeleza kinyume. Wazee walilima, walichoma nyasi kwa majira, walichunga na kuwinda. Kwa kazi hizo walilisukuma pori nyuma, na mbung'o wakakaa mbali na makazi.

Mwanzoni mwa miaka ya 1890 sotoka iliingia ikateketeza ng'ombe. Zikaja ndui na njaa. Akaja funza, mdudu aliyevuka bahari kutoka Amerika, akalemaza miguu ya wakulima. Juu ya hayo vikaja vita vya kuitwaa nchi. Katika Maji Maji, 1905 hadi 1907, majeshi ya Wajerumani yaliteketeza mashamba na maghala kwa makusudi, ili njaa imalize kazi iliyoanzwa na bunduki.

Ng'ombe na jembe vikitoweka, kichaka hurudi. Kichaka kikirudi, wanyama wa porini hurudi, na mbung'o hufuata damu yao. Hapo mfugaji hana pa kurejea. Kisha serikali ya Waingereza, kwa kisa cha kuzuia malale, ikawahamisha watu. Wengi wa Liwale walihamishwa miaka ya 1940, na ardhi yao ikaingizwa katika Pori la Akiba la Selous. Mgeni apitaye huko hudhani hapajapata kukaa mtu.

Ndugu zangu, kitabu hiki si msahafu. Juhani Koponen wa Finland, katika kitabu chake cha 1988, alikumbusha kwamba hata kabla ya ukoloni palikuwa na njaa, maradhi na vita. Mwaka 1996 Profesa Isaria Kimambo pamoja na Gregory Maddox na James Giblin walihariri kitabu kingine kinachochunguza suala hilo sehemu kwa sehemu. Hivyo ndivyo elimu ikuavyo: kwa kusahihishana.

Nilikisoma kitabu cha Kjekshus chuoni kwa ajili ya mtihani. Likizo ilipofika nikamweleza babu habari za sotoka, kwa majivuno ya msomi. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akanitajia mabonde mawili ambayo, kwa alivyosimuliwa utotoni, ng'ombe wa ukoo walifia humo. Akauliza, "Kitabu hicho kimeandikwa kwa lugha gani?" Nilipomjibu kuwa ni Kiingereza, alinyamaza.

Jambo hili latuhusu sote. Bwana shamba anayeamini kuwa kila pori ni dalili ya uvivu atafika kijijini na amri. Aliyesoma historia ataanza kwa kuuliza: nani alilima hapa, na kwa nini aliondoka?

Kwa hiyo naomba mambo mawili. Wanaojua Kiingereza wafasiri vitabu hivi, walau sura moja moja, vifike shuleni kwa Kiswahili. Na kila mwalimu awatume wanafunzi wake kwa wazee wakaandike majina ya mabonde, visima na mahame ya mahali pao, na sababu za majina hayo. Wazee hao hawatakuwapo daima.