Risasi Isiyo na Mlio



Kiswahili huita kwa jina moja kile kitokacho katika mtutu wa bunduki na madini yaliyomo ndani ya betri ya gari. Vyote viwili ni risasi. Ile ya bunduki hulia, na aliyepigwa hujulikana papo hapo. Hii ya pili haina mlio. Humwingia mtoto atambaaye sakafuni, kwa vumbi na kwa vidole atiavyo kinywani, na mzazi asijue lolote mpaka mwalimu alalamike kwamba mtoto hashiki somo.

Ili madhara hayo yaeleweke, hapana budi kutazama kwanza jinsi chembe hai za ubongo zinavyopashana habari. Baina ya chembe moja na ya pili pana ufa mwembamba mno. Ishara ifikapo ukingoni, vimilango hufunguka, madini ya kalisi huingia ndani, na kuingia kwake ndiyo amri ya kumwaga kemikali ivukayo ufa huo. Kalisi, basi, ni mjumbe, na kila chembe humtii.

Risasi ni mjumbe wa bandia. Chaji yake ya umeme ni sawa na ya kalisi, na kwa kufanana huko huwapita walinzi. Huviziba vimilango, hata ishara ya kweli ikafifia. Na ile iliyokwisha penya huviamsha vimeng'enya vilivyokuwa vikimngoja kalisi, wakati ambao si wake. Chembe hukosa habari inayohitajiwa, ikapata habari ambayo haikutumwa. Hali kadhalika, risasi huvizuia vipokezi ambavyo ubongo huvitegemea katika kujifunza na kukumbuka. Kwa mtu mzima hayo ni madhara. Kwa mtoto ni msiba, maana ubongo wake ndio kwanza unaamua miungano ipi ibaki na ipi ikatwe, na huamua kwa kufuata ishara hizo hizo. Tena tumbo la mtoto laweza kufyonza karibu nusu ya risasi aliyoimeza, ilhali la mtu mzima hufyonza kama sehemu moja ya kumi.

Kwa miaka mingi ilidaiwa kwamba asiyeonyesha dalili hakudhurika. Mwaka 1979 daktari Herbert Needleman wa Marekani alipima meno ya utotoni yaliyong'oka ya watoto wa shule walioonekana wazima kabisa. Waliokuwa na risasi nyingi menoni walipata alama ndogo zaidi katika vipimo vya akili, na walimu wao walikuwa wamekwisha kuona kwamba hawatulii. Tangu hapo kipimo cha tahadhari nchini humo kimekuwa kikiteremka: mikrogramu 25 katika desilita ya damu mwaka 1985, 10 mwaka 1991, 5 mwaka 2012, na 3.5 mwaka 2021. Sumu ni ile ile. Waliobadilika ni wapimaji. Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiasi kinachojulikana kuwa salama.

Petroli yenye risasi imekwisha. Algeria ilikuwa nchi ya mwisho kuiacha katika magari, mwaka 2021. Betri zimebaki. Katika kitongoji cha Owino Uhuru, Mombasa, kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu kilianza kazi mwaka 2007 kando ya nyumba za watu, kikafungwa mwaka 2014. Phyllis Omido, aliyekuwa mtumishi wa kiwanda hicho, aliongoza wakazi kudai haki, na mwaka 2020 mahakama iliwapa fidia ya shilingi za Kenya bilioni 1.3. Rufani zilifuata, na Mahakama ya Juu ikairudisha hukumu hiyo Desemba 2024.

Je, hakuna dawa? Ipo ya kuitoa risasi katika damu, nayo huokoa maisha ya aliyezidiwa. Lakini watoto 780 wa Marekani walipojaribiwa, risasi ilipungua katika damu ya waliopewa dawa, na matokeo yaliyotolewa mwaka 2001 yalionyesha kwamba akili zao hazikupata nafuu kuliko za wale ambao hawakupewa.

Kwa hiyo kazi yote iko mlangoni, kabla sumu haijaingia. Fundi wa betri na aoge kazini, aziache huko nguo za kazi, zifuliwe mbali na za watoto. Na maji ya betri yasimwagwe uani, wala risasi isiyeyushwe kwenye jiko la nyumbani.