Muda wa Kudai na Hatima ya Rufani za Marejesho ya Ushuru wa Forodha



Maana ya marejesho hakuna asiyeijua hapa: ni ushuru uliolipwa kimakosa, au uliolipiwa bidhaa zilizoharibika ama kuibwa safarini. Ngazi za rufani hapa Tanzania nazo mnazifahamu. Unaanza na mapitio kwa Kamishna wa Forodha, unakwenda Bodi ya Rufani za Kodi, kisha Baraza la Rufani za Kodi, na mwisho Mahakama ya Rufani, inayosikiliza hoja za kisheria tu.

Nitakaa kwenye suala la muda, kwani humo ndimo haki za wateja wetu sisi mawakala wa forodha zinamopotelea.

Kifungu cha 144 cha Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004 kinataka dai la marejesho liwasilishwe ndani ya miezi 12 tangu ushuru ulipwe. Kifungu cha 229 kinatoa siku 30 za kuomba mapitio, na kinampa Kamishna siku 30 za kujibu. Asiyeridhika na jibu ana siku 45, kwa kifungu cha 230, kukata rufaa. Muda huo wa rufani hausimamishi ile miezi 12.

Chukueni mwagizaji wa malighafi anayeamini ushuru wake ni asilimia 10, forodha ikamtoza asilimia 25. Thamani ya mzigo ni shilingi milioni 100, kwa hiyo kinachobishaniwa ni milioni 15. Kontena liko bandarini, gharama za kulihifadhi zinapanda kila siku na kiwanda kinasubiri. Analipa milioni 25, anatoa mzigo, ndipo anaomba mapitio. Anakataliwa. Bodi anashindwa, Baraza anashinda. Sasa anaandika dai la marejesho, na miezi 12 imekwisha zamani. Hukumu anayo mkononi, anaambiwa amechelewa! Ofisa anayemjibu hivyo anasoma sheria ilivyoandikwa, na simlaumu. Lakini matokeo hayo si haki, na nimelisema hili miaka mingi katika vikao kama hiki.

Lipo pia suala la kimya. Kifungu cha 229 kinasema Kamishna asipotoa uamuzi ndani ya siku zake 30, ombi linahesabiwa kuwa limekubaliwa. Mwagizaji ameshinda, ila akienda kudai fedha anaulizwa barua ya uamuzi. Ataitoa wapi, wakati ushindi wenyewe umetokana na barua kutoandikwa?

Napendekeza yafuatayo. Wakala awasilishe dai la marejesho pamoja na ombi la mapitio, asingoje rufani iishe. Nakala ya hati ya tamko la forodha (TANSAD), ankara, hati ya usafirishaji na risiti ya malipo ziwekwe jalada moja tangu siku ya kwanza, kwa kuwa mzigo wa kuthibitisha uko kwa mkata rufani. Barua zote zigongwe muhuri wa kupokelewa. Mteja asiyependa kulipa kwanza akumbushwe kwamba kifungu hichohicho cha 229 kinamruhusu Kamishna kuachilia mzigo kwa dhamana wakati mapitio yanaendelea. Wengi wetu hatuombi. Siku ya 31 ikifika bila jibu, wakala aandike akidai utekelezaji. Mamlaka ya Mapato Tanzania nayo, kwa heshima zote, itoe mwongozo wa ndani unaomwelekeza mhasibu namna ya kulipa pale ombi linapokubaliwa kwa kimya. Na tena nasisitiza: dai la marejesho liwasilishwe mapema.

La mwisho ndilo kubwa. Kifungu cha 144 kirekebishwe ili palipo na rufani, miezi 12 ihesabiwe tangu uamuzi wa mwisho. Sheria hii ni ya Jumuiya nzima, haibadilishwi na Bunge la Tanzania kule Dodoma peke yake. Lazima ipite Bunge la Afrika Mashariki. Naiomba semina hii ipitishe azimio la marekebisho hayo leo na kulifikisha Wizara ya Fedha kwa maandishi.