Leseni Ikikaa Ofisini Bila Jibu, Tufanyeje?

Leo twazungumza juu ya leseni ya biashara inayokaa ofisini bila jibu.

Tuseme mama amefiwa na mumewe. Duka liko kwa jina la marehemu, naye aomba leseni ihamishwe iwe kwa jina lake. Alipa nauli hadi mjini. Mara ya kwanza aambiwa, "Njoo wiki ijayo." Mara ya pili, "Bosi hayuko." Mara ya tatu faili haionekani. Na mto ukifurika, barabara ikikatika, hiyo wiki ijayo yawa mwezi. Hakuna aliyemkatalia, lakini akifungua duka aogopa kushikwa, na akifunga watoto walala njaa. Je, sheria yasemaje?

Zamani leseni hizi zilikuwa za kanso. Katiba ya 2010 ilizipa serikali za kaunti, ambazo zilianza kazi mwaka 2013. Katiba hiyo hiyo, kifungu cha 47, yasema kila mtu ana haki ya kuhudumiwa na ofisi za serikali haraka, kihalali na kwa utaratibu wa haki. Mwaka 2015 Bunge lilitunga sheria ya kukipa kifungu hicho nguvu. Kwa hivyo leseni si zawadi ya karani.

Basi tufuate hatua hizi.

Kwanza, omba kwa maandishi. Fanya nakala mbili. Moja ipigwe mhuri na tarehe, ubaki nayo. Lipa ada kwa risiti tu. Wahenga walisema, mali bila daftari huisha bila habari. Ombi lisilo na tarehe nani atajua limechelewa?

Pili, siku zikipita, mwandikie mkubwa wa ofisi. Mtake atoe uamuzi, na utaje siku uliyoomba. Waweza pia kuuliza faili yako imefika wapi, kwa Sheria ya Kupata Habari ya 2016. Ofisi ina siku 21 za kujibu. Ukinyimwa leseni, dai sababu kwa maandishi.

Tatu, peleka malalamiko kwa Tume ya Haki ya Utawala, ambayo wengi waiita Ombudsman. Ina ofisi Mombasa, na barua yatosha. Hailipishi. Lakini iendee kabla ya korti, kwa maana jambo lililoko kortini tume hailichunguzi.

Nne ni korti yenyewe. Siku hizi Mahakama Kuu iko hapo Garsen, si lazima kwenda mbali. Sheria ya 2015 yataka kesi kama hii iamuliwe kwa siku 90. Lakini yataka pia uwe umemaliza njia za ofisini kwanza. Tena, ukilalamikia kuchelewa, korti itauliza: afisa alikuwa na wajibu? Sheria iliweka muda gani? Muda huo umepita? Basi tangu siku ya kwanza, muulize karani ni sheria gani inayohusu ombi lako na inatoa siku ngapi.

Tusidanganyane. Mwaka 1997, katika kesi ya watahiniwa na Baraza la Mitihani la Kenya, Mahakama ya Rufaa ilieleza mpaka wa amri hii. Korti yaweza kumlazimisha afisa atimize wajibu wake. Lakini pale sheria ilipomwachia yeye kuamua, korti haimwambii aamue vipi. Mama wetu atapata jibu; huenda likawa ndiyo, huenda likawa hapana. Hata hapana ina faida: ina sababu, na sababu yaweza kupingwa. Kimya hakina sababu.

Kesi ina gharama, na wengi wetu hatuna wakili. Ndiyo maana hatua tatu za kwanza ndizo ngao ya mnyonge. Vikundi vya akina mama vyaweza kuchanga nauli, mmoja akapeleka barua za wote kwa safari moja. Vijana mliosoma, waandikieni wazazi barua hizo. Na kila barua itakayotoka Ndera irudi na nakala yenye mhuri.