Hadhira Iliyo Mwaloni: Redio, Simu na Masikio ya Ukanda wa Dhahabu



Nimeombwa nizungumzie hali ya vyombo vyetu na tabia za wasikilizaji wa kanda hii ya Shinyanga, Kahama na Geita. Naomba nianzie kwenye ngoma.

Wazee wa Usukumani walipotaka kujua nani ana watu, hawakupitisha dodoso. Baada ya mavuno, vyama viwili vya ngoma, Bagika na Bagalu, vilikutana uwanjani, kila upande na manju wake, ngoma mbili zikapigwa kwa wakati mmoja. Mshindi alikuwa yule aliyezungukwa na watu wengi. Basi. Mtazamaji akichoshwa na upande huu alivuka kwenda upande ule, na manju akamwona kwa macho yake anavyoondoka. Ndiyo maana manju walihangaika. Wapo waliotunga nyimbo usiku kucha, wapo waliokwenda kwa mganga kutafuta dawa ya mvuto, na wapo walioingia uwanjani na chatu shingoni. Lakini idadi ya watu haikuwa na maneno, kila mtu aliiona.

Sisi idadi yetu ina maneno. Nasema sisi kwa sababu nimekula mkate wa redio miaka mingi katika mikoa hii. Mteja wa matangazo akipiga simu kutoka Dar es Salaam kuuliza tuna wasikilizaji wangapi, tunafungua sensa ya 2022. Geita watu karibu milioni 3, Shinyanga milioni 2.2, tunaongeza vipande vya Simiyu na Tabora ambako mawimbi hufika yakikohoa, halafu tunamtajia jumla kwa sauti ya kujiamini. Hao ni watu waliohesabiwa na serikali usiku wa sensa. Waliofungua redio ni hesabu nyingine, na hiyo hatuna.

Vituo vyenyewe si haba. Nchi ina vituo vya redio zaidi ya 200, na hapa kwetu mtu akizungusha kitufe anakutana na Redio Faraja ya Jimbo Katoliki la Shinyanga, Jambo FM, Gold FM na Huheso FM za Kahama, Storm FM na Rubondo FM za Geita, na Radio Free Africa ya Mwanza ambayo wengi wetu tumekua nayo tangu miaka ya 1990. Vituo vimeongezeka kuliko matangazo. Matokeo yake tunagombea mteja yuleyule wa magodoro na yuleyule wa mbegu za mahindi, na kila mmoja anamwonyesha sensa ileile.

Mwaka jana niliamua kufanya kama manju. Nilikwenda kukaa siku nzima kwenye mwalo mmoja wa kuchenjulia dhahabu, nje kidogo ya Lwamgasa. Sikubeba kinasa sauti. Nilibeba daftari, nikanunua chai, nikakaa.

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi, kwa mama ntilie, palikuwa na redio ndogo ya sola imening'inizwa kwenye mti wa banda. Ilikuwa inasoma magazeti. Wachimbaji waliotoka zamu ya usiku, vumbi likiwa bado kwenye kope, walinyamaza kusikiliza vichwa vya habari vya Mwananchi na Nipashe, wakabishana kidogo kuhusu usajili wa Simba, wakacheka. Katika wote wale hakuna aliyeshika gazeti lenyewe, wala sidhani kama lilifika Lwamgasa siku hiyo. Gazeti kwao ni kipindi cha redio. Wahariri wa Dar es Salaam wanaolia kwamba nakala haziuziki wangekaa pale nusu saa wangejua wana wasomaji ambao hawajawahi kuwauzia kitu.

Saa mbili makarasha yakawashwa. Aliyewahi kusimama karibu na karasha la dizeli linalosaga mawe anajua: husikii hata mtu anayekuita jina. Nilitazama saa, nikakumbuka kwamba muda ule, saa tatu hadi saa tano, ndipo vituo vyetu vingi tunaweka kile tunachokiita kipindi kikubwa. Mada, wageni studio, mkuu wa idara fulani, uchambuzi wa kina. Kipindi chetu kikubwa tunakitupa kwenye kelele za karasha. Ratiba hiyo tuliirithi kwa watu wa ofisini, wenye redio mezani na mlango wa kufunga.

Kando ya mashimo ya maji walikuwapo akina mama wanaochagua mawe na kuosha mchanga. Mmoja alikuwa na spika ya simu kwenye sikio la kushoto. Sikio la kulia alimwachia mtoto aliyekuwa mgongoni. Simu yenyewe kitochi, imefungwa na raba, ina redio na ina nafasi ya memori kadi. Nikamwuliza anasikiliza stesheni gani. Akacheka. "Si redio, kaka. Ni kadi."

Jioni nilimfuata aliyeijaza hiyo kadi. Ni kijana mwenye paneli mbili za sola, betri ya gari, meza ya kuchajia simu na kompyuta yenye ufa kwenye kioo. Bango lake limeandikwa kwa mkono: TUNARUSHA NYIMBO. Mafaili yake ameyapanga vizuri kuliko maktaba ya kituo nilichokuwa nafanyia kazi: Bongo Fleva, Singeli, Kwaya, Filamu za Kutafsiriwa, Kisukuma. Nikamwuliza lipi linatembea. Hakujibu, alinigeuzia kioo. Faili la Kisukuma lilikuwa na mafaili mengine tele ndani yake, kila msanii na lake, Bhudagala akiwa karibu na juu kwa sababu ya herufi yake. Kijana huyu anajua wimbo gani umeombwa mara ngapi, umeombwa na nani, na amelipwa shilingi ngapi. Kila usiku anazo takwimu ambazo kampuni za utafiti zinazouliza watu kwa ujumbe mfupi wa simu hazitazipata, maana mchimbaji aliye ndani ya duara, shimo la machimbo, hana mtandao, na mama wa mwaloni hajibu meseji ya mtu asiyemjua. Mkurugenzi wa vipindi wa Lwamgasa ni yeye.

Kuna jambo lingine kwenye nyimbo hizo ambalo wenzangu wa idara ya masoko walisikilize kwa makini. Waimbaji wa Kisukuma huimba kwa kulipwa. Mwenye duka, mwenye duara lililotema dhahabu, mwenye ng'ombe wengi, mwenye harusi, humlipa manju amtaje kwa jina na kwa sifa, na wimbo ukashuka kwenye kadi na kwenye YouTube ukazunguka kuanzia Katoro hadi Kahama. Hilo ni tangazo la biashara, limelipiwa, limesikilizwa kwa hiari na linarudiwa mara mia. Fedha ya matangazo ya ukanda huu ipo. Inapita pembeni yetu tu.

Inapita pembeni kwa sababu ya lugha, na hapa naomba mnivumilie. Kanuni za utangazaji zinataka vituo vyetu vizungumze Kiswahili au Kiingereza. Nikiwa mtangazaji wa kituo kimoja cha kanda hii, tulikuwa na kipindi kuhusu viwavijeshi kwenye mahindi. Mama mmoja akapiga simu: "Mwangaluka!" Nikamwitikia, naye akaanza kueleza kwa Kisukuma, kwa kasi, kwa uchungu. Msimamizi akanipungia mkono kutoka upande wa pili wa kioo. Nikamkatiza: "Mama, naomba tuzungumze Kiswahili." Akanyamaza kidogo. Akasema, "Haya, asante mwanangu," akakata. Alikuwa na jambo kuhusu shamba lake. Mpaka leo silijui.

Sababu za kanuni hiyo nazijua na sizidharau. Kiswahili ndicho kilichotufanya tuelewane kuanzia Mtwara hadi Bukoba, na Msukuma ndiye angekuwa wa kwanza kushukiwa akidai lugha yake hewani, kwa wingi wetu. Tumeona majirani pia, walikofika na redio za lugha zao. Mwaka 1994 redio ya RTLM ilichochea mauaji ya kimbari Rwanda, mwendo wa siku moja kutoka hapa. Kenya, mtangazaji wa Kass FM, Joshua arap Sang, alifikishwa The Hague kwa tuhuma zilizotokana na machafuko ya baada ya uchaguzi wa 2007, mpaka kesi ikasitishwa Aprili 2016. Mtu akiogopa, ana haki ya kuogopa.

Lakini tazameni Ngara. Redio Kwizera ilianzishwa pale mwaka 1995 na Wajesuiti kwa ajili ya wakimbizi, ikazungumza nao kwa Kirundi na Kinyarwanda pamoja na Kiswahili. Kazi yake ilikuwa kuwapatanisha watu waliotoka kuuana. Kwa hiyo tulikwisha kukubali, katika ardhi hii hii, kwamba mtu mwenye shida azungumzishwe kwa lugha anayoielewa. Tulimkubalia mgeni, mwenye nyumba bado anasubiri.

Habari na siasa zibaki kwa Kiswahili, sina ugomvi. Ninachoomba tukiombe kwa mdhibiti ni saa moja kwa siku ya afya, kilimo na usalama wa migodini. Mama niliyemwona Lwamgasa alikuwa anachanganya zebaki na mchanga kwa mikono mitupu, mtoto mgongoni. Tanzania iliridhia Mkataba wa Minamata kuhusu zebaki mwaka 2020. Matangazo ya kuonya yapo, kwa Kiswahili safi cha studio ya Dar es Salaam, kwenye redio ambayo yeye hakuifungua. Kadi iliyo sikioni mwake ina nyimbo arobaini na haina hata moja ya zebaki. Manju akilipwa kumsifu mwenye duara, atalipwa kuimba zebaki pia. Nani kamwuliza?

Na msinijibu kwamba redio haiwezi kubadili tabia za watu. Mwaka 1973 Redio Tanzania Dar es Salaam ilirusha vipindi vya kampeni ya Mtu ni Afya. Watu wapatao milioni 2 walikaa katika vikundi vijijini, wakasikiliza kipindi pamoja, kisha wakazungumza wenyewe kwa wenyewe, wakainuka kwenda kuchimba vyoo na kufyeka vichaka. Kipindi kilikuwa cha Kiswahili, lakini mazungumzo baada ya kipindi yalikuwa ya kijiji. Leo tuna mitambo mizuri zaidi ila tumeisahau nusu hiyo ya pili. Kipindi kikiisha tunaweka muziki.

Televisheni nitaipitia haraka, maana mshindi anajulikana. Jioni vibanda umiza vya Katoro vinajaa kwa sababu ya mpira, na mpira wa Ligi Kuu una mwenyewe tangu Mei 2021, Azam Media ilipotia saini mkataba wa miaka 10 wa shilingi bilioni 225.6. Hapo hatuna la kushindana. Ila Geita Gold ilipopanda Ligi Kuu 2021 na ikashuka 2024, hadithi yake ya mtaani, ya wachezaji na wenye bajaji waliochangishana nauli, ilikuwa yetu kuisimulia. Wengi wetu tulisoma matokeo tu.

Kwa nini hatuendi kuzitafuta hadithi hizo? Kwa sababu ya nauli. Kamati ya Tido Mhando, iliyoundwa Januari 2023 kutazama hali ya uchumi wa vyombo vya habari, ilisema waandishi wengi wanafanya kazi bila mikataba, na hapa ukumbini hakuna aliyehitaji kamati kumwambia. Mwandishi wa kujitolea asiye na nauli husubiri gari, na gari lina mwenyewe: kampuni, halmashauri, mradi. Habari iliyokuja na gari inajulikana mapema itakavyoandikwa. Mwenye magwangala, mabaki ya mawe ya mgodi, hana gari, mwenye duara lililotitia hana gari. Novemba 2015, wachimbaji watano walipotolewa hai katika mgodi wa Nyangarata, Kahama, baada ya siku 41 chini ya ardhi, dunia nzima ilizungumza. Mimi niliambiwa na dereva wa bodaboda nikiwa njiani kwenda kazini. Nilipofika, kituo changu kilikuwa kinasoma salamu.

Salamu si dhambi, Mwenyekiti, kadi za salamu zimelipa mishahara ya wengi hapa. Lakini hata salamu zinahamia kwenye makundi ya WhatsApp, ambako mtu anamsalimia shemeji yake bure, kwa sauti yake mwenyewe, kwa Kisukuma.

Nina ombi moja kwa wakuu wa vituo. Kabla ya kuchapa bei mpya za matangazo za mwaka huu, kila kituo kimtume mtu mmoja mwaloni kwa siku moja, kuanzia saa 12 asubuhi hadi saa 2 usiku. Apewe nauli na hela ya chai, asipande gari la mtu. Arudi na mambo matatu tu: nani alikuwa anasikiliza, anasikiliza nini, na saa ngapi. Orodha yangu ya Lwamgasa ninayo hapa, kurasa tatu za daftari. Anayeitaka aje aipige picha wakati wa chai.